Mama Kompyuta Anajibu: Dust2, mji usiokuwepo ambao Mwanga yote iliujua

Safari hii barua za gemu zimezidi za simu, na karibu zote zimeangukia mahali pamoja. Mliouliza bei za betri mtanivumilia hadi toleo lijalo.

SWALI: Shikamoo Mama. Mimi ni kijana wa Gungu, hapa Kigoma. Kaka yangu anasema alikulia kwenye chumba chako cha kompyuta pale Mwanga, na kila tukikaa anasimulia ramani ya Dust2 ya gemu ya Counter-Strike utadhani kazaliwa huko. Mimi nimeiona kwenye video tu, naona kuta za rangi ya mchanga na makasha basi. Ni mji wa kweli? Nani aliutengeneza, na kwa nini watu hawauchoki?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Msalimie kaka yako, umwambie lile daftari la madeni bado ninalo.

Mji huo haupo popote. Ni wa kubuni, mji wa jangwani wenye matao, milango mikubwa ya mbao na makasha yaliyoachwa ovyo njiani. Ukiutazama utadhani uko Afrika ya Kaskazini au Uarabuni. Aliyeujenga ni Mwingereza, David Johnston, na alipoanza shughuli hizo alikuwa kijana wa shule, hajaajiriwa na mtu. Vijana wangu walikuwa hawaamini nikiwaambia hivyo. Walidhani kuna jengo refu Marekani lenye wahandisi mia waliokaa kupima kila ukuta.

Kisa chenyewe ni cha mwaka 1999. Wakati huo Counter-Strike haikuwa gemu ya kujitegemea. Vijana wawili, Minh Le na Jess Cliffe, walichukua gemu ya Half-Life ya kampuni ya Valve wakaigeuza iwe yao: upande mmoja magaidi, upande wa pili askari. Wakaigawa bure kwenye intaneti, na ramani nyingi walizitumiwa na wapenzi wa gemu wenyewe. Johnston alikuwa ameona picha za gemu nyingine ambayo Valve waliitangaza, Team Fortress 2, zenye majengo ya rangi ya vumbi chini ya jua kali. Gemu hiyo ilikuja kutoka mwaka 2007 ikiwa na sura nyingine kabisa, lakini picha zile za mwanzo zilishamkaa kichwani. Akafungua programu ya kujengea ramani iitwayo Worldcraft, akaanza kuiga. Wala hajaficha, ameandika mwenyewe kwamba aliiga. Michoro ya kubandika kwenye kuta ilimshinda, akasaidiwa na Chris Ashton. Ramani ikaitwa Dust, ikaingia kwenye Counter-Strike mwishoni mwa mwaka huohuo, pamoja na mtindo mpya wa kutega bomu: magaidi wanalitega mahali palipowekwa alama, askari wanawazuia au wanalitegua.

Dust ilipendwa sana, ila ilikuwa inawabeba askari. Magaidi walilazimika kupenya kwenye njia finyu huku wenzao wamekwishajipanga wanawangoja. Ndipo Johnston akafikiria ramani ya pili, na hapa ndipo ninapompendea yule kijana: aliogopa. Aliona ramani ya kwanza imemzidi umaarufu yeye mwenyewe, na chochote atakacholeta kitapimwa kwayo. Hata jina alitaka iitwe Dust 3, kwa kuwa hakuiona kuwa mrithi halali wa ile ya kwanza. Cliffe ndiye aliyeibadilisha ikawa Dust2. Ilitoka Machi 2001, na wakati huo Valve walikuwa wamekwishainunua Counter-Strike na kuipeleka madukani tangu Novemba 2000.

Kabla ya kujenga alijiuliza: Dust ni nini, ukiiondolea mapambo? Akapata matao, barabara, rangi ileile ya mchanga, na maeneo machache yaliyounganishwa kwa njia zinazoeleweka. Zaidi ya hapo hakutaka kitu. Akachora kwenye karatasi, kisha akajenga.

Nitakupitisha haraka, halafu kaka yako akusahihishe. Magaidi wanaanzia chini ya ramani, askari juu. Sehemu za kutega bomu ni mbili, A upande wa kulia na B upande wa kushoto. Gaidi akienda kulia anapita milango miwili iliyopishana, anatokea kwenye barabara ndefu inayopanda hadi A. Akienda katikati anakuta mteremko unaoelekea kwenye milango ya mbao, na kabla ya kuifikia kuna kibaraza cha juu cha kukatizia kwenda A. Akienda kushoto anaingia kwenye handaki linalotokea B, nalo lina tawi linaloshuka hadi katikati. Askari wanaanzia jirani na A. Wakitaka B wanakatiza nyuma ya ile milango ya kati. Njia zimekwisha. Ukizifuatisha kwa kalamu unapata tarakimu 8.

Utamu uko kwenye muda. Umbali umepimwa ili pande mbili zikikimbia tangu raundi inapoanza, zifike kwenye milango ya barabara ndefu, kwenye milango ya kati na kwenye mdomo wa handaki zikiwa zimekaribiana sana. Hakuna anayekuta mwenzake ameshatandika mkeka. Anayechelewa kidogo tu, labda alisimama kununua bunduki huku anapiga soga, keshampa mpinzani nafasi ya kujibanza. Na kila njia ina dawa yake: ukiibana barabara ndefu, watakuja kwa kibaraza, ukikimbilia kibaraza, umeliacha handaki, ukikaa B peke yako, utasikia vishindo vya miguu watano wanakuja na huna pa kwenda.

Mimi nilikuwa siichezi. Nilikuwa nauza muda. Chumba changu kilikuwa na kompyuta sita, kila moja imenunuliwa kwa mtu wake, na vioo vile vizito vyenye kitambi. Intaneti ilikuwa ya dishi la setilaiti, ghali na ya kusuasua. Barua pepe yenye picha moja ungeingoja hadi chai ipoe. Mchana walikuja watumishi, wanafunzi wa kuchapa ripoti na wageni wanaongoja meli. Jioni waliingia kina kaka yako, na hao intaneti hawakuwa na haja nayo. Kompyuta niliziunganisha kwa swichi na waya, mmoja anafungua seva, wengine wanaingia, watatu kwa watatu. Gemu yenyewe ilifika Kigoma kwenye CD iliyoandikwa kwa kalamu nene, mkononi mwa abiria wa treni kutoka Dar es Salaam.

CD ile ilikuwa na ramani nyingi: Aztec, Inferno, Nuke, Italy, Assault. Walizijaribu, wakaziacha. Aztec ina mvua, na mvua ile iliziangusha kompyuta zangu mpaka picha ikawa inakwenda kwa kurukaruka. Nuke ina ghorofa, mgeni anapotea, anasonya, anataka arudishiwe hela yake. Kwenye Dust2 mgeni alikaa, akafa mara mbili tatu, na kabla saa yake haijakwisha alikuwa anapiga kelele kama wenyeji. Majina ya mitaa walijipachikia wenyewe. Barabara ndefu ya kwenda A waliiita Lumumba, kwa ile barabara yetu inayopanda kutoka stesheni kuja Mwanga. Shimo la mwishoni mwake wakaliita Bandarini. Handaki lilibaki handaki. Wapita njia walikuwa wanasikia "Lumumba wawili! Lumumba wawili, mmoja kafa!" na nadhani kuna mzee mmoja aliyewahi kwenda polisi kuuliza kulikoni.

Alikuja kijana wa Kongo, kavuka na mzigo wa vitenge, meli yake ya kurudi imechelewa. Alikaa kwenye kompyuta ya mwisho akaanza kulalamika kwamba kibodi si yenyewe. Kwao wamezoea ya Kifaransa, ambayo herufi za kutembelea ni Z, Q, S na D, wakati huku ni W, A, S na D. Tukambadilishia vitufe. Baada ya hapo hakumuuliza mtu njia hata moja. Alikuwa ameicheza Kalemie, ng'ambo ya ziwa, na mitaa yote anaijua, ila Lumumba yetu wao waliiita jina jingine. Jioni ile walimfanya kocha.

Ndiyo maana ukiniuliza kwa nini hawaichoki, jibu langu ni fupi: yule kijana alijua cha kuacha. Hakuna ghorofa tatu, hakuna lifti, hakuna mlango wa siri. Chukua bao. Mashimo ni yaleyale tangu enzi za mababu, na sijasikia mzee wa Ujiji akidai yaongezwe. Anachongoja kwa hamu ni huyo aliyekaa mbele yake atacheza vipi leo.

Kuna sababu nyingine ambayo wasimulizi wengi wanairuka kwa sababu hawakuwahi kumiliki kompyuta mbovu. Gemu za enzi ile, kompyuta ilijitahidi isichore kisichoonekana. Kukiwa na uwanja mpana, inalazimika kuchora kila kitu kwa pamoja, inachoka. Kukiwa na kona na ukuta katikati, inachora kidogo. Sasa itazame ile milango miwili iliyopishana ya barabara ndefu, zile kona za handaki, ile milango ya kati. Kazi yao ni mbili: zinampa mchezaji pa kujificha, na zinaipumzisha mashine. Kompyuta zangu zenye RAM ya MB 256 ziliendesha Dust2 bila manung'uniko, na wakati huo umeme wa mji wetu ulikuwa wa majenereta ya dizeli, unakuja na kuondoka utakavyo. (Umeme ukikatika katikati ya raundi, kila aliyekuwa anashindwa alidai alikuwa anashinda.)

Yaliyofuata nitayapitia kwa kasi. Ramani ilibebwa ikaingia kwenye Counter-Strike: Source ya mwaka 2004, ikaingia Counter-Strike: Global Offensive ya Agosti 2012. Februari 2017 Valve waliiondoa kwenye orodha ya ramani za mashindano makubwa, wakairudisha Inferno. Watu walilia. Oktoba mwaka huohuo ikatoka imejengwa upya, kuta safi, mwanga zaidi, adui anaonekana vizuri kwenye vivuli. Na Aprili 2018 ikarudi kwenye mashindano, ikaondoka Cobblestone. Utani wa historia ni kwamba Cobblestone nayo ni kazi ya Johnston. Novemba 2022 ikatolewa tena, ikaingia Anubis. Aprili 2024 ikarudi, ikatoka Overpass. Na Valve walipotaka kuwaonjesha watu Counter-Strike 2, Machi 2023, ramani waliyowafungulia wajaribuji wa kwanza ilikuwa moja tu. Kaka yako atakwambia ipi.

Na kwa kuwa umeuliza kama ni mji wa kweli: yupo msanii wa Ujerumani, Aram Bartholl, aliyetoa pendekezo la kuijenga ile Dust ya kwanza kwa zege, kwa vipimo vyake kamili, watu waingie na kutembea ndani. Mimi ningelipa kiingilio.

SWALI: Mama, shikamoo. Niko Ujiji. Zamani tulikuwa tukianza raundi upande wa askari, ukikatiza tu kwenye milango ya kati, paa, umekufa, hata hujaona mtu. Juzi nimecheza hii mpya kwa rafiki yangu, nikakatiza kwa woga nikingojea risasi, haikuja. Wamefanya nini?

JIBU: Marahaba. Wamekuzibia, baba.

Kwenye ramani ya zamani, gaidi aliyesimama kule kwao anakoanzia alikuwa anaona moja kwa moja mpaka kwenye upenyo wa milango ya kati. Upenyo wenyewe ni mwembamba, lakini askari anayekwenda B lazima aukate. Mwenye bunduki ya snaipa ile kubwa, AWP, alikuwa halengi mtu. Alikuwa analenga upenyo na kusubiri rangi ibadilike. Na kwenye toleo la 1.6, lile tulilokuwa nalo Mwanga, risasi yake ilitoboa hata mbao za mlango, kwa hiyo waliokuwa wajanja walifyatua mlangoni kwa kubahatisha, na wakati mwingine walipata.

Mwaka 2021 Valve waliuziba mstari ule, gaidi asiweze tena kuona milango ya kati akiwa hajatoka hata nyumbani kwake. Anayetaka kupiga pale sasa asogee mbele, ajihatarishe kidogo.

Wengi wamefurahi. Mimi sikufurahi. Najua hoja yao: mtu asife sekunde za mwanzo kwa bahati, halafu akae dakika nzima anatazama wenzake. Lakini lile tobo lilikuwa na elimu yake. Pale ndipo niliposhuhudia vijana wakijifunza kupita mmojammoja kwa kupishana, mmoja akitangulia kurusha bomu la moshi, mwingine akikaa kimya kuhesabu, maana AWP ni bunduki ya risasi moja moja na baada ya kufyatua kuna nafasi ya kukimbia. Kulikuwa na kijana mnene, mpole, mwanafunzi wa sekondari, ambaye hakuwa na shabaha hata kidogo. Kazi yake kwenye timu ilikuwa kupita wa kwanza pale mlangoni ili snaipa apoteze risasi. Alikufa mara nyingi kuliko wote na hakuna timu iliyokubali kumwachia. Kwenye hii ramani mpya sijui angefanya kazi gani.

SWALI: Dada, mimi ni msomaji wako wa Tabora, Isevya. Hizo habari za Dust2 ni za wazee. Kwetu sisi sehemu maarufu kuliko zote kwenye gemu ni Pochinki ya PUBG. Bisha!

JIBU: Sibishi, mdogo wangu, ila usichanganye mizani.

Pochinki ni mji mdogo ulio katikati ya kisiwa cha Erangel, ramani ya kwanza ya PUBG, gemu iliyoanza kuuzwa Machi 2017 na kuja kwenye simu mwaka uliofuata. Erangel ina kilomita 8 kwa 8. Watu 100 wanaruka kwa miamvuli kutoka kwenye ndege, na kila mmoja anachagua pa kuangukia. Pochinki imepata jina kwa sababu iko kati na ina nyumba nyingi zenye silaha, kwa hiyo wenye haraka ya kupigana wanaangukia pale, wanamalizana, na wewe mwoga unaokota mabaki baadaye. Umaarufu wake umetokana na watu kuikimbilia.

Dust2 huendi kwa hiari. Mko kumi, watano kwa watano, mmefungiwa humo, na mtarudi humo raundi baada ya raundi. Kwenye Counter-Strike 2 mpaka mmoja afikishe ushindi wa raundi 13. Pochinki ukiiogopa unaangukia kwingine. Huku ukiogopa handaki, raundi ijayo handaki lipo palepale. Kwa hiyo moja ni soko ambalo watu wamelichagua, nyingine imejengwa ili ihimili kuchakazwa na watu walewale. Mimi naipa Dust2, lakini mimi ni mtu wa Kigoma, na watu wa Tabora na sisi hatujawahi kukubaliana hata kuhusu asali.

SWALI: Mwanangu wa darasa la sita anatoroka tuisheni kwenda kwenye kibanda cha gemu. Nimeona wanapigana risasi na wanaitana magaidi. Nimpige marufuku? Mzazi, Mwandiga.

JIBU: Mzazi mwenzangu, darasa la sita bado. Counter-Strike kule Marekani imewekewa alama ya miaka 17 na kuendelea, na mimi kwenye chumba changu waliovaa kaptula za shule ya msingi niliwarudisha mlangoni, ingawa walinichukia na ingawa hela yao ilikuwa hela. Mwenye kibanda mwambie kwa heshima, mbele ya mtoto. Mpira wa kwenye PlayStation mruhusu Jumamosi. Tuisheni ni neno lako na yeye, hapo sina ushauri wa kompyuta.

SWALI: Shikamoo Mama Kompyuta. Mimi ni fundi simu hapa Katubuka. Nina ndoto ya kutengeneza ramani ya Counter-Strike yenye stesheni ya reli ya Kigoma, barabara ya Lumumba yote, soko la Mwanga, bandari, mpaka Ujiji kwenye mnara wa Livingstone. Nina kompyuta mpakato yenye RAM ya GB 2. Nianzie wapi?

JIBU: Marahaba fundi. Nianze na kompyuta, maana ndiyo itakayokukatisha tamaa kwanza. Counter-Strike 2 isahau: inataka RAM ya GB 8 na nafasi ya GB 85 kwenye diski, na kadi ya michoro ambayo mpakato wako hauna. Toleo la zamani la 1.6 bado linauzwa Steam, duka la gemu la Valve la mtandaoni, na masharti yake yatakuchekesha: prosesa ya MHz 500, RAM ya MB 96, kadi ya michoro ya MB 16. Mashine yako inayaona hayo kuwa mapumziko. Jengea 1.6. Programu ya kujengea ni mjukuu wa ile aliyotumia Johnston, siku hizi inaitwa Hammer, na haiuzwi. Tafuta toleo la zamani linalohusu Half-Life, si hili jipya.

Sasa ramani yenyewe. Ujiji iondoe leo hii. Soko liondoe. Bandari pia, najua inauma. Umenitajia mji mzima, na ukianza hivyo utajenga ukuta wa soko kwa miezi mitatu halafu mtoto wako aimwagie kompyuta maji. Baki na stesheni. Jengo lile la Wajerumani, reli ilipofika huku mwaka 1914, lina matao, lina ghorofa, mbele yake uwanja na nyuma yake reli na mabehewa. Matao unayo, barabara unayo, pa kujificha unapo. Ni mali tosha.

Chukua karatasi. Weka magaidi upande mmoja, tuseme kwenye mabehewa, askari wawe juu kidogo barabarani. Weka A ukumbini na B ghalani, au kinyume. Chora njia tatu, si zaidi, kisha tia njia moja ndogo ya kuunganisha ya kati na ya pembeni. Halafu chukua saa. Pima kwa hatua: askari akikimbia anafika lini kwenye tao la kati, na gaidi anafika lini? Kama mmoja anafika mapema mno, sogeza ukuta kwenye karatasi, ni bei ya kifutio. Ukishajenga kwenye kompyuta kila sogezo ni kazi, na mashine yako itachukua muda mrefu kuikokotoa ramani upya kabla hujaweza kuingia ndani kuiona.

Unapojenga, acha rangi. Weka kuta tupu za rangi moja, ita vijana wanne, wachezeni hivyohivyo mwisho wa wiki. Wataona kasoro ambayo wewe huwezi kuiona kwa sababu umeizaa. Kama wanajazana mahali pamoja na njia nyingine inaota nyasi, ama ifupishe ama ifute. Epuka uwanja mpana wa mbele ya stesheni kama ulivyo kweli. Utaifanya kompyuta ichore kila kitu na utampa snaipa sikukuu. Katisha kwa behewa, kwa ukuta, kwa lori lililoegeshwa. Usahihi wa picha ni wa wapiga picha. Wewe unajenga pa kupigania.

Ukifika kwenye rangi, usijilazimishe kufanya peke yako. Johnston alimtafuta Ashton. Hapo Kigoma kuna vijana wanachora mabango ya maduka kwa mkono, shirikiana na mmoja wao, mzipige picha kuta za stesheni kwa karibu, mchana kweupe, zigeuzwe ziwe michoro ya kubandika. Omba ruhusa kabla ya kupiga picha za reli, usije ukanitaja mimi kituoni.

Ukikwama niandikie tena, lakini safari ijayo nitumie na ule mchoro wa karatasi, na uniandikie kadi ya michoro ya huo mpakato ni ipi.